Bateleur si mwenye mtumbwi, na kamba yenyewe imeletwa baadaye

SWALI: Shikamoo mwalimu. Nasomea kuongoza watalii, nipo Iringa. Juzijuzi tulikuwa Ruaha kwa mafunzo, akapita pungu, yule tai wa mkia mfupi, juu ya gari. Mkufunzi wetu akasema Wazungu wanamwita bateleur, kwamba ni Kifaransa na maana yake ni mtu anayetembea juu ya kamba. Mwenzetu mmoja aliyekulia Bukavu akapinga. Alisema Kifaransa anakijua tangu shule ya msingi na neno hilo ni la mwenye mtumbwi, yule anayevusha watu. Wamebishana mpaka jioni. Nani kasema kweli? Na kwa nini ndege wetu apewe jina la Kifaransa wakati Wafaransa hawakututawala? Mtihani unakuja, niandike nini?

JIBU: Marahaba mwanangu. Hakuna aliyepatia, ila mkufunzi wako amekaribia zaidi. Bateleur ni mtu wa viwanja vya sherehe na maonyesho ya mitaani: anapiga sarakasi, anacheza kiini macho, anarusha vipira na kuvidaka, anapiga domo huku watu wamemzunguka, mwisho anapitisha kofia. Kamba inaweza kuwemo katika kazi zake, lakini hakuitwa hivyo kwa sababu ya kamba. Mtumbwi haumo kabisa.

Nianze na mtumbwi kwa sababu hauchukui muda. Neno la rafiki yako ni la kweli, ila ni neno jingine. Mwenye chombo cha kuvusha watu mtoni au ziwani, Mfaransa humwita batelier. Limetoka kwa batel, namna ya zamani ya kutamka bateau, chombo cha majini. Bateleur limetoka kwa neno la kale lililoandikwa baastel, lenye a mbili na s katikati, na lilikuwa na maana ya vifaa vya mfanya mazingaombwe au vikaragosi vya kuchezesha. Baadaye likaandikwa basteleur, halafu s ikaacha kutamkwa na mwisho ikaacha hata kuandikwa. Ndiyo maana leo maneno haya mawili yanaonekana kama watoto wa tumbo moja, ilhali kila moja lina ukoo wake. Simlaumu rafiki yako. Aliyekulia kando ya Ziwa Kivu amemwona batelier mara nyingi maishani mwake; bateleur huenda hajamwona hata mmoja, maana hata kule Ufaransa neno limeshakuwa la kizee. Watu hulikuta vitabuni na kwenye karata.

Karata ndizo ushahidi ninaoupenda kuliko kamusi zote. Kuna karata za zamani zinazoitwa tarot za Marseille, ambazo siku hizi wengi huzijua kwa upigaji ramli ingawa mwanzoni zilikuwa karata za kuchezea tu. Karata namba moja imeandikwa jina lake chini: Le Bateleur. Mchoro wake ni kijana mwenye kofia ya ukingo mpana, amesimama nyuma ya meza, mkono mmoja umeshika kijiti, na mezani pametapakaa vikombe, vipira, dadu na kisu. Hakuna kamba wala kuruka. Ukimtazama sana utamkumbuka yule jamaa wa karata tatu pale stendi, mwenye kiboksi kilichogeuzwa kuwa meza: “iko wapi nyekundu, iko wapi nyekundu”, huku jicho linamwangalia polisi. Huyo ndiye bateleur, ingawa wa karata tatu anakula hela yako na bateleur wa kweli anakuomba tu.

Huko Paris watu wa namna hii walijaa kwenye daraja la Pont-Neuf na kwenye maonyesho ya Saint-Germain. Neno lilikuwa pana. Liliwafunika wapiga vichwangomba, wachezesha vikombe, wenye nyani waliofunzwa na wauza dawa waliokusanya watu kwa vichekesho kwanza. Mtembea kamba alikuwepo pia kwenye viwanja hivyo, lakini yeye ana jina lake mwenyewe, funambule, kutoka Kilatini: funis ni kamba, ambulare ni kutembea. Aliyempa ndege huyu jina angetaka kusema kamba, neno alikuwa nalo mkononi. Hakulitumia.

Sasa aliyempa jina. Hapa ndipo swali lako la pili linapojibiwa, na jibu halina uhusiano na ukoloni wa kwetu. Jina halikutungwa Afrika Mashariki. Lilitungwa kusini kabisa mwa bara, na mtu anayeitwa François Levaillant. Baba yake alikuwa Mfaransa, ila yeye alizaliwa mwaka 1753 Paramaribo, katika koloni la Waholanzi ambalo leo ni Suriname, akakua anawinda ndege msituni. Mwaka 1781 alifika Rasi ya Tumaini Jema, wakati huo ikiwa chini ya Kampuni ya Waholanzi ya India ya Mashariki. Alianza kwa mkosi: meli ya Middelburg, ambamo vitu vyake vilikuwemo, ililipuka katika ghuba ya Saldanha Waingereza walipoivamia. Akabaki na bunduki na nguo za mwilini, akakopeshwa vitu, akaenda bara. Alirudi Ulaya mwaka 1784 akiwa na ngozi za ndege zaidi ya 2,000.

Kazi yake kubwa juu ya ndege wa Afrika ilianza kuchapishwa Paris mwaka 1796 na kuendelea kwa miaka, juzuu 6 zenye picha za rangi. Mtu huyu alikuwa mkaidi kwa jambo moja. Mfumo wa kumpa kila kiumbe majina mawili ya Kilatini ulikuwa umeshashika kasi, yeye akaukataa. Alitaka msomaji wa kawaida amjue ndege kwa jina linaloeleweka: la Kifaransa, au la mlio wa ndege mwenyewe, au la mtu. Kwa hiyo tai mlasamaki, furukombe wetu, akamwita mpiga kelele. Kekeo mmoja wa kijani akamwita Klaas, jina la Mkhoikhoi, mwenyeji wa kusini mwa Afrika, aliyefuatana naye safarini. Ndege mzuri wa msituni mwenye kifua chekundu akampa jina la Narina, msichana wa Kikhoikhoi aliyempendeza. Majina hayo Klaas na Narina bado yako kwenye vitabu vyenu vya ndege, na ndege wenyewe wako hata huku kwetu. Ukiulizwa na mgeni usiseme hao walikuwa Wazungu.

Na huyu wa kwetu akamwita le bateleur.

Alimkuta katika nchi ya Outeniqua, ukanda wa pwani wenye misitu mashariki ya Cape Town. Leo ukienda huko hutampata. Afrika Kusini amebaki zaidi upande wa Kruger na jangwa la Kalahari. Levaillant anaeleza wazi kwa nini alichagua jina hilo, na maelezo yake ndiyo yanayomaliza ubishi wenu. Anasema ndege huyu hucheza angani kama bateleur anayeonyesha ufundi wake ili kufurahisha watazamaji. Huzunguka kwa kuelea, anatoa sauti ya kukwaruza, halafu ghafla anaporomoka huku akipigapiga mabawa ovyo, kiasi kwamba ungeapa bawa moja limevunjika na sasa anaanguka mpaka chini. Jike lake naye anarudia mchezo uleule. Kelele za mabawa hayo husikika mbali, na anazifananisha na tanga lililoachia kona moja likawa linapigwa na upepo mkali.

Mtu wa pwani sauti hiyo anaijua: tanga limekatika demani na nahodha anapiga kelele kuliko tanga. Nimeisikia mara mbili tu kwa ndege. Mara moja ilikuwa karibu na Msembe, palepale Ruaha, mwezi wa kiangazi, saa nne asubuhi hivi. Dume alikuwa juu, jike chini yake. Dume akakunja mabawa akamshukia, jike akajigeuza chali hewani na kutoa kucha, na kabla hawajagusana dume akajitupa pembeni: pwap-pwap-pwap-pwap, kama mtu anakung'uta mkeka. Dereva alisimamisha gari akidhani tairi. Wakati mwingine pungu hujipindua duara zima angani na kuendelea na safari yake kama vile hakuna kilichotokea. Huo ndio ubateleur alioushuhudia yule Mfaransa: kujifanya ameanguka, kumbe hajaanguka. Ni kiini macho.

Basi kamba imeingiaje? Imeingia kupitia kitu kingine ambacho ndege huyu hukifanya kila siku, tena mbele ya kila mtalii, wakati mchezo ule wa kuanguka ni bahati kuuona. Mwangalie pungu anapopita akiwa hana haraka ya kucheza. Hapigi mabawa. Ameyatandaza, ncha zimenyanyuka kidogo juu, na mwili unalala kushoto, unarudi, unalala kulia, unarudi, kama mchukuzi wa mzega mwenye ndoo mbili za maji anayetafuta mizani kwenye njia yenye mawe. Kwa Mzungu asiyejua mzega, mfano ulio karibu ni mtu aliye juu ya kamba na fimbo yake ndefu. Waandishi wa vitabu vya Kiingereza waliona hivyo, wakajua jina ni la Kifaransa na linahusu watu wa sarakasi, wakaunganisha. Maelezo yakawa matamu, na maelezo matamu hayatoki kirahisi. Mimi mwenyewe nimeyasema kwa wageni miaka kadhaa kabla sijakutana na maneno ya Levaillant mwenyewe. Mama mmoja wa Lyon alinisikiliza mpaka mwisho, akaniambia kwa upole kabisa kwamba kwao huyo anaitwa funambule.

Sababu ya kuyumba huko ni mkia, au tuseme kukosa mkia. Ndege wengi wa jamii ya tai hutumia mkia kama usukani. Pungu aliyekomaa ana mkia mfupi mno, mpaka miguu yake myekundu inachomoza nyuma yake akiwa anaruka. Mabawa yake, kwa upande mwingine, ni marefu: kutoka ncha mpaka ncha ni kati ya sentimita 160 na 190, kwa ndege mwenye uzito wa kilo 2 hadi 3 hivi. Kwa hiyo anageuka kwa kuinamisha bawa, na hata akienda moja kwa moja lazima asahihishe mizani kila mara. Cha kuchekesha ni kwamba hazaliwi hivyo. Kinda lake la rangi ya kahawia lina mkia wa kutosha, na kila anaponyonyoka na kuota manyoya mapya mkia unapungua, mpaka anapofikisha miaka 7 au 8 ndipo anakuwa pungu kamili: mweusi, mgongo wa rangi ya kutu, uso na miguu myekundu.

Hapo ndipo linapotoka jina la kisayansi. Levaillant alipokataa Kilatini, wengine walimfanyia. François Marie Daudin, Mfaransa mwenzake, mwaka 1800 alichukua ndege waliomo kwenye kitabu chake na kuwapa majina rasmi. Furukombe akapata vocifer, ambalo ni neno lilelile la Levaillant. Bateleur hakupewa ubateleur wake. Daudin akamwita ecaudatus, yaani asiye na mkia. Baadaye, mwaka 1830, René Lesson akampa jina la jenasi, lile la kwanza kati ya yale mawili, Terathopius, lenye ndani yake neno la Kigiriki la ajabu au kioja. Kwa hiyo jina zima la kisayansi ni kama kusema “kioja kisicho na mkia”. Anayechukuliwa kuwa mtoa jina kisayansi ni Daudin, ingawa aliyepita nchi kwa miguu kumtazama ndege ni yule mwingine. Ukaidi una gharama zake.

Nikuongezee jambo moja juu ya Levaillant ili usimchukue kama msema kweli mtupu. Watu waliokuja kuzichunguza ngozi na picha zake baada ya kufa kwake waligundua kwamba baadhi ya ndege wa kitabu chake hawapo duniani: kichwa cha huyu, mabawa ya yule, na wengine ni wa Amerika au Asia aliosema aliwakuta Afrika. Nani anajua ni wafanyabiashara wa ngozi waliomchezea vikombe, au ni yeye aliyewachezea wasomaji. Kwa pungu lakini hakudanganya. Alichokiandika unaweza kukihakiki mwenyewe Ruaha, Serengeti au Tsavo, ukiwa na subira.

Sasa msaada wa kazini. Wajerumani ni wengi kwenye mbuga zetu, na wao ndege huyu humwita Gaukler. Ni neno la mtu yuleyule wa viwanja vya sherehe, mcheza mazingaombwe na sarakasi. Walitafsiri maana, hawakuchukua sauti. Jambo hili linakusaidia kwenye hoja yako pia: Wajerumani walielewa bateleur kuwa mchezaji wa kiwanjani, si mtembea kamba, kwa sababu wa kamba kwao naye ana jina tofauti, Seiltänzer. Makaburu wamekwenda njia nyingine kabisa, wanamwita berghaan, jogoo wa milimani. Wafaransa wa leo wanasema bateleur des savanes, yaani bateleur wa savana.

Na sisi tunasema pungu. Nakuonya mapema, kwa sababu najua mawazo yako yanakoelekea: usiandike kwenye mtihani kwamba pungu linatokana na kupunga mkono eti kwa kuwa ndege anayumbisha mabawa. Ni kosa lilelile la rafiki yako wa Bukavu, la kufuata sauti na kuacha ukoo. Pungu ni neno la zamani la Kibantu kwa ndege wakubwa wa mawindo, na lina ndugu mbali na pwani. Washona wa Zimbabwe wanamwita huyuhuyu chapungu, na kwao ni ndege wa heshima. Wako wanaoamini kwamba ndege wa mawe waliochongwa Great Zimbabwe, ambao mmoja wao yuko kwenye bendera ya nchi ile, ni chapungu, ingawa wengine wanasema ni furukombe. Kwa hiyo ndege huyu alikuwa na jina, tena linalojulikana kutoka kusini mwa Zambezi kwenda juu, muda mrefu kabla ya meli ya Middelburg kulipuka. Levaillant hakumpa jina ndege asiye na jina. Aliwapa Wafaransa jina la kumwitia.

Kutamka: usiseme ba-te-le-uri kama nilivyosikia kwenye kundi moja. Mfaransa anaimeza e ya katikati, inatoka karibu na “batlea” yenye r ya kukwaruza kooni mwishoni. Mwingereza anaiacha hiyo r. Ukisema “batlea” wote wawili watakuelewa.

Mtihani: andika kwamba bateleur ni neno la Kifaransa cha zamani lenye maana ya mcheza sarakasi au mazingaombwe wa mitaani, kwamba lilitolewa na Levaillant mwishoni mwa karne ya 18 kwa sababu ya michezo ya ndege huyu angani, hasa ule wa kujiangusha kwa kelele za mabawa, na kwamba kuyumba kwake kama mtu wa kamba kunatokana na ufupi wa mkia. Mtahini akiwa na kitabu kinachosema mtembea kamba, sentensi hiyo ya mwisho itakuokoa. Ukiwa na nafasi ongeza kwamba tangu 2020 ameorodheshwa kimataifa kuwa ndege aliye hatarini kutoweka, na kwamba sumu inayowekwa kwenye mizoga ni miongoni mwa vinavyommaliza, maana naye hula mizoga na mara nyingi hufika kabla ya tai wengine.

Barabarani, mbele ya wageni, anza na pungu. Waonyeshe kwanza ukingo wa nyuma wa bawa kwa chini: wenye mstari mweusi mpana ni dume, wenye mstari mwembamba ni jike. Wakishatulia na darubini ndipo uwaambie habari za bateleur, na kama kuna Mfaransa kwenye gari mwombe yeye akueleze neno hilo kabla hujamweleza wewe.

Na huyo wa Bukavu mwambie lake linaishia na -ier na la ndege linaishia na -eur. Akibisha tena, mwandikie kwenye karatasi.